Fundo la Ukindu Juu ya Mlango wa Vuai

Hapo zamani, si zamani ya majini na wafalme wanaoruka, zamani ya watu tu na nyumba zao, palikuwa na mkamua mafuta aliyeitwa Vuai. Mji ulikuwa Mtangani, naye hapo alikuwa mgeni. Kwao kulikuwa Shungwe, mbali kaskazini, na alipohama alikuja na vitu viwili: ngamia jike aitwaye Subira, na gogo la mkwaju lililotobolewa kuwa kinu.

Kinu cha mafuta si hiki cha kutwangia mpunga, msije mkachanganya. Hiki ni gogo zima la mti, nusu yake huzikwa ardhini, na mchi wake ni nguzo ndefu iliyofungwa kwa ngamia. Ngamia hufumbwa macho. Ngamia akizunguka, mchi huzunguka; mchi ukizunguka, ufuta husagika; ufuta ukisagika, mafuta huchuruzika mtungini na mashudu hubaki. Tena kinu kipya hakitoi, kinu kipya hunywa. Mwaka mzima unakitilia ufuta nacho kinayanywa mafuta yake karibu yote mpaka mti ushibe, ndipo kianze kukupa chako. Na kikishazikwa hakihami. Ukitaka kukitoa, kwanza ukikate.

Basi Vuai akatafuta nyumba ya kuzika kinu chake. Akampata Nassiri, mtu mpole, mwenye nyumba ya mawe yenye ukumbi mpana chini. Wakapatana mlangoni mwa msikiti, watu wakisikia: Vuai apange miaka kumi, alipe kodi kila msimu wa ufuta, azike kinu chake ukumbini, na asitolewe mpaka miaka yake iishe. Nassiri akasema ameridhia. Vuai akasema ameridhia. Wakapeana mikono. Vuai akabomoa ukuta wa mbele kwa mikono yake, akaliingiza gogo, akalizika, akaujenga ukuta upya kwa chokaa nzuri kuliko ya kwanza.

Mtu huyu Vuai hakuwahi kukaa chuoni. Hesabu alijifunza kwa vibaba, dini alijifunza kwa kusimama nje ya dirisha la darasa na kusikiliza. Alikuwa mwepesi wa hasira, lakini mafuta yake yalikuwa safi na maneno yake vilevile. Mara moja mteja alimwambia, kwa utani tu, kwamba mafuta ya leo yana harufu ya nazi. Vuai aliuchukua mtungi wote akaumwaga mchangani mbele ya yule mteja, kisha akamwambia apige magoti anuse vizuri. Na alikuwa na neno lake la kujisifu, watu wote wa mji walilijua. Akisema:

"Mimi sizunguki na mtu. Humu ndani anayezunguka ni Subira peke yake."

Sasa, juu ya mlango wa nyumba ile palining'inia fundo la ukindu mweusi. Vuai alilikuta siku aliyohamia. Na kila Siku ya Mwaka alikuja bibi mmoja mtu mzima, Bi Zamzam, akitembelea mkongojo, pamoja na binti wa marehemu ndugu yake, Mwanamkuu, aliyembebea kigoda. Bi Zamzam husimama juu ya kigoda, akalishusha fundo la mwaka jana, akafunga jipya, akasoma Fatiha taratibu. Vuai husimamisha ngamia, akapangusa mikono, akafungua viganja na kuitikia amin. Kisha humjazia bibi mtungi mdogo wa mafuta ya mkamuo wa kwanza.

"Pokea, bibi yangu."

"Ahsante, mwanangu."

Wakaagana. Mwaka ukapita, akaja tena, akafunga tena, akapewa tena.

Kwani Vuai alijuaje la kufanya? Alijua kama walivyojua kwao. Kwao Shungwe, fundo la ukindu juu ya mlango hufungwa na bibi mwema, mwenye dua inayokubaliwa, kwenye nyumba yenye kazi ya mikono, ili baraka isitoke. Na kwao huulizi. Ukiuliza fundo lina nini, umeiharibu dua. Unaitikia amin, unampa bibi kitu cha jasho lako, basi. Vuai akajiona amependwa na mji wa watu. Mgeni, miaka michache tu, na bibi mkubwa kama yule anakuja kumwombea kwa miguu yake mibovu. Alipokuwa peke yake alimwambia Subira habari hiyo, akiona fahari.

Kinu kikalia, ngamia akazunguka, miaka ikaenda. Kinu kilishiba tangu mwaka wa kwanza, kikawa kinatoa. Mafuta ya Vuai yakawa ndiyo mafuta ya mji: taa za msikiti, vichwa vya maharusi, vyungu vya wapishi.

Asubuhi moja, katikati ya miaka yake kumi, akaingia mtu asiyemjua akiwa na kamba ya kupimia. Hakubisha hodi. Akapima ukumbi upande huu na huu, akagonga ukuta, akatazama dari. Kisha akakipiga kinu teke kwa ncha ya kiatu.

Vuai akamuuliza anapima kaburi la nani.

Yule mtu akajibu kwa adabu kwamba ananunua nyumba, ameambiwa atapewa tupu, na anataka kuweka ghala la ngozi. Kuhusu gogo, akasema, asiwe na wasiwasi, atalikatakata liwe kuni.

Vuai alimtoa nje kwa mwiko wa mashudu. Alimwacha Subira amefumbwa macho amesimama, akaenda moja kwa moja kwa Nassiri.

Akamkuta Nassiri amekaa kibarazani, ndevu hazijachongwa, macho yameingia ndani. Mkewe alikuwa amefariki miezi michache nyuma baada ya ugonjwa wa muda mrefu. Vuai alilijua hilo, alibeba jeneza. Lakini siku hiyo hakukaa wala hakupokea kahawa. Akauliza kama ni kweli nyumba inauzwa. Nassiri akasema ni kweli, ila si yeye anayeiuza, ni Bi Zamzam. Nyumba iko rehani kwake. Iko rehani tangu kabla Vuai hajakanyaga Mtangani. Kila msimu alikuwa akiipokea kodi ya Vuai na kuipeleka kwa Bi Zamzam kupunguza deni, mpaka mke alipougua. Tangu hapo kodi ikawa inakwenda kwa waganga, na deni likasimama.

"Kwa nini hukuniambia?" Vuai akauliza.

Nassiri akamtazama kwa mshangao wa kweli.

"Nilidhani unajua. Si ulikuwa ukimpa mafuta?"

Vuai hakuelewa. Nassiri akalazimika kumweleza, taratibu, kama mtu anayemwambia mwenzake habari ya msiba. Mtangani, fundo la ukindu mweusi juu ya mlango ni fundo la rehani. Aliyekopesha hulifunga ili mji wote uone kwamba nyumba hii imeshikwa. Hulifunga upya kila Siku ya Mwaka, mbele ya aliyemo ndani. Na aliyemo ndani akimpa mfungaji chochote, hata kikombe cha maji, amekubali mbele ya watu kwamba rehani ipo na yeye anaikaa nyumba chini yake. Nassiri akasema, Siku ya Mwaka ile ya kwanza alikuwa amekusudia kumwambia. Alikuja kabisa mpaka mlangoni, neno liko mdomoni. Akamkuta Vuai ameinua viganja, anasema amin, anajaza mtungi. Akajisemea, kumbe bwana huyu anajua, tena ameridhia, na aibu yangu ameisitiri. Akarudi nyumbani akimshukuru.

Vuai akaondoka bila kuaga. Njiani akamsimamisha muuza kahawa, akamuuliza kwa nini hakumwambia. Muuza kahawa akasema alidhani anajua, alimwona akitoa mafuta. Akamuuliza fundi viatu wa jirani. Fundi viatu akasema alidhani anajua, si alikuwa akitoa mafuta? Akamuuliza mwadhini. Mwadhini naye akasema mafuta, Vuai, mafuta.

Akafika kwa Bi Zamzam. Bibi alikuwa kitandani, miguu imevimba, Mwanamkuu anamkanda kwa mafuta. Mafuta ya Vuai. Harufu ilimpokea mlangoni.

Hakumpigia kelele mgonjwa. Alikaa chini, akamweleza fundo la kwao Shungwe lilivyo. Bi Zamzam akasikiliza mpaka mwisho.

"Kwa hiyo ulidhani nakuombea dua."

"Nilidhani hivyo, bibi."

"Nami nilidhani unaiheshimu rehani yangu. Nikisema, mgeni huyu ana adabu kuliko wenyeji."

Laiti mambo yangeishia hapo. Lakini nyumba ni moja, na maneno ya huruma hayamlazi mtu ndani. Vuai akaomba aachwe amalize miaka yake. Bi Zamzam akasema hawezi. Vuai akasema basi wataonana kwa kadhi. Bi Zamzam akasema kwa kadhi ni kuzuri.

Kadhi wa Mtangani alikuwa Sheikh Muhidini, mtu asiyependa kuhukumu kitu ambacho hajakiona. Akasema kinu hakiwezi kuja barazani kwake, basi yeye atakwenda kwenye kinu. Watu wakajaa mbele ya mlango wa Vuai mpaka barabara ikaziba. Bi Zamzam akaletwa kwa kitanda cha kamba. Nassiri akaja, kichwa chini. Kadhi akaingia ndani, akakizunguka kinu, akaiona njia ya mviringo iliyochimbwa na kwato za Subira sakafuni. Akatoka, akakaa kizingitini, juu ya kichwa chake fundo linaning'inia. Akamwambia kila mmoja aseme haki yake, na kosa lake asilifiche.

Bi Zamzam akaanza.

Akasema fedha aliyomkopesha Nassiri haikuwa yake. Ilikuwa ya mayatima wa ndugu yake, na mkubwa wao ni huyu Mwanamkuu. Ndugu yake alipokuwa akikata roho alimshikisha mkono akamwapisha: watoto wakibaleghe, wapewe chao, kisipungue. Yeye ni mwanamke wa ndani, hajui biashara. Aliona mahali salama pa kuweka mali ya yatima ni kwenye nyumba ya mawe. Alifunga fundo wazi, mchana, mbele ya watu, kabla Vuai hajaja, na kila mwaka akalifunga tena. Nassiri alipoacha kulipa alimngoja, kwa ajili ya mke mgonjwa. Mke akazikwa, akamngoja tena, kwa ajili ya eda ya huzuni, ingawa wanaume hawana eda. Sasa Mwanamkuu amekuwa mtu mzima, haki yake imefika, na mimi, akasema, naona siku zangu zinakwisha.

"Sheikh, mnunuzi anaitaka nyumba tupu. Nikiiuza na mtu ndani, na kinu ndani, nitapewa nusu, na nusu ya yatima itakuwa imepotea mkononi mwangu. Sitaki kuzikwa na amana shingoni. Kosa langu ni moja. Nilimwona mgeni, nikapokea mafuta yake, wala sikumuuliza kama anajua anachokitolea."

Kadhi akauliza kama alijua kwamba kodi ya Vuai ndiyo iliyokuwa ikimfikia.

"Nilijua. Fedha zilikuwa zikinuka uto wa ufuta," akasema.

Watu wengine wakacheka kidogo, wakanyamaza upesi.

Nassiri akafuata.

Akasema yeye ana makosa mengi kuliko haki, lakini haki moja anayo. Nyumba ni ya mama yake, na mama yake amezikwa uani, nyuma ya kisima. Ada ya Mtangani inasema rehani si mauzo: maadamu nyumba haijaingia mkononi mwa mnunuzi, mwenyewe anaweza kuikomboa. Ufuta wake uko shambani, umeanza kukauka, mwaka huu umejaa kuliko miaka yote. Apewe msimu huu tu. Atavuna, Vuai atakamua, deni litalipwa, Vuai atabaki, mayatima watapata chao kamili, na kaburi halitakanyagwa na wabeba ngozi. Kuhusu kodi aliyoila, hakuikana.

"Niliila," akasema. "Mke wangu aliniambia nisiuze nyumba ya mama kwa ajili yake, nami sikuiuza. Nilipeleka kwa waganga fedha ya watu. Mngekuwa nyinyi mngefanyaje, mimi sijui. Mimi nilifanya hivyo. Na Vuai nilimficha kwa kunyamaza, nikajidanganya kwamba ananisitiri."

Bi Zamzam, kutoka kitandani kwake, akauliza bila ukali: kama mvua ikiwahi, ufuta utakuwaje? Kila mkulima pale alijua ufuta uliokauka ukipigwa na mvua hupasuka na kumwagika wote chini.

Kisha Vuai.

Watu walitazamia atafoka. Hakufoka. Alisimama ndani ya ukumbi, kando ya Subira, mkono shingoni mwa mnyama, akasema kwa sauti ya chini hata wa nyuma wakasogea.

"Mimi sizunguki na mtu. Nilipanga nyumba mlangoni mwa msikiti, watu wakisikia. Kati yenu wapo mliosikia. Hakuna aliyekohoa. Nilibomoa ukuta mkaniona, nikazika kinu mkaniona. Bibi aliniona. Alikuwa akila kodi yangu, na anayekula kodi ya mtu amemkubali huyo mtu ndani ya nyumba. Nassiri alipomfikishia, yalikuwa mazuri. Nassiri alipoila, mimi nilikuwa nimelipa. Sijawahi kulala na deni la mtu hata msimu mmoja. Leo deni si langu na hasara ni yangu?"

Akakigusa kinu kwa kiganja, kama mtu anayeonyesha mgonjwa.

"Hiki kimekunywa mafuta yangu mwaka mzima nikiwa na njaa. Kikikatwa, sina miaka ya kushibisha kingine. Mikono inachoka. Na Subira anaijua njia hii moja tu."

Kadhi akamkumbusha kosa lake.

Vuai akasogea mlangoni. Hapo ndipo ilipomwuma, kwa sababu alikuwa mtu wa kujisifu kwa uwazi, na sasa alitakiwa kuwa wazi juu ya jambo lililomvunja sifa yake. Akatazama juu, kwenye fundo.

"Nilipita chini yake kila siku," akasema. "Sikuuliza. Nilijiambia kwetu hawaulizi. Lakini hapa si kwetu. Na kusema kweli, hata kama kwetu wangeuliza, mimi nisingeuliza. Nilipenda kuamini kwamba kuna mtu ananiombea."

Bi Zamzam alikuwa akilia, bila sauti.

Hapo Mwanamkuu, ambaye hakuulizwa na mtu, akaomba ruhusa kusema. Kadhi akampa. Binti akasema yeye hakufunga fundo wala hakupokea kodi wala hakupanga mlangoni mwa msikiti. Alichofanya ni kubeba kigoda. Alikuwa mdogo, akaambiwa beba, akabeba.

"Kila mtu hapa ana kosa alilolisema kwa mdomo wake, na kila mtu anaomba asamehewe kwa mali yangu," akasema. "Mimi sina cha kusamehe. Nina baba aliyekufa na alichoniachia kiko ndani ya ukuta huu."

Watu wa Mtangani walitazama chini. Muuza kahawa akatazama birika lake. Fundi viatu akatazama viatu.

Sheikh Muhidini akasimama. Akasema ada ni hii: fundo la rehani hufunguliwa na mwenye haki na nyumba, na akishalifungua, neno lake ndilo neno la nyumba. Akilifungua Bi Zamzam, nyumba itauzwa leo, tupu. Yatima watapata chao, na kinu kitakatwa. Akilifungua Vuai, atakaa hadi miaka yake iishe, kodi aikabidhi kwa bibi mkononi. Nyumba isiuzwe kabla ya hapo, na yatima wangoje, na bibi afe na amana yake akitaka kufa. Akilifungua Nassiri, wote wangoje ufuta, na wote waombe mvua isiwahi.

Kisha akakichukua kile kigoda mikononi mwa Mwanamkuu, akakiweka kizingitini, chini ya fundo.

"Mwenye haki apande," akasema.

Nassiri akasogea hatua, akasimama. Bi Zamzam akajaribu kuinuka kitandani, akamshika Mwanamkuu bega. Vuai, mwepesi kama hasira yake, alikuwa amekwisha kuweka mguu mmoja juu ya kigoda. Mkono wake umeinuka, vidole vinaligusa fundo; vilinuka uto, na fundo pia lilinuka uto, maana miaka yote bibi alilifunga kwa mikono iliyopakwa mafuta ya mtungi wa mwaka uliopita.

Hapo akageuka, akawatazama wenzake wawili na yule binti. Nyuma yake, ndani, Subira aliyefumbwa macho alisikia watu wamenyamaza, akadhani kazi imeanza. Akaanza kuzunguka. Kinu kikalia, kitupu.

Kadhi hakumwambia Vuai apande, wala hakumwambia ashuke. Aligeuka akawatazama watu waliojaa barabarani, wale waliosikia na hawakukohoa, akawangoja wao waseme.

Na nyinyi mlioketi hapa mmesikia yote waliyoyasikia. Msinitazame mimi. Mguu mmoja wa Vuai uko juu ya kigoda na mmoja uko chini. Je, mkono wa nani ulistahili kulifungua fundo lile?